Sura ya Saba: Supu Nzito ya Njegere na Mguu wa Nguruwe wa Moshi

Maji ya Mbeya huchemka kabla hayajafika nyuzi 100. Mji uko mita zipatazo 1,700 juu ya usawa wa bahari, hewa ni nyepesi, na sufuria huanza kutokota ikiwa kwenye nyuzi 94 na kidogo. Iringa mjini, palipo chini zaidi, ni karibu 95. Ukipanda hadi Kitulo, kwenye mita 2,600, maji hutokota kwenye nyuzi 91, na hata ukichochea kuni mpaka moto ulambe mdomo wa sufuria, joto la maji haliongezeki. Kinachozidi ni mvuke unaopotea. Mpishi aliyezoea Dar es Salaam akihamia huku hulaumu maharage, kisha hulaumu mkaa, kisha muuzaji. Nimeanza na jambo hili kwa sababu supu tunayoipika katika sura hii inazitaka njegere kavu ziive mpaka zivurugike zenyewe ziwe rojo, na rojo hiyo hutokana na joto pamoja na muda. Joto tumepunguziwa na milima. Basi tutalipa kwa muda.

Supu yenyewe ni njegere kavu zilizomenywa na kupasuliwa, zikapikwa na mguu wa nguruwe uliotiwa chumvi na kukaushwa kwa moshi, mpaka nyama iachane na mfupa na kijiko kizame polepole. Wajerumani na Waholanzi huipika wakati wa baridi. Uswidi na Ufini huila Alhamisi, desturi iliyodumu tangu enzi za kufunga Ijumaa. Mwaka 1867 mpishi wa Berlin aitwaye Johann Heinrich Grüneberg alibuni namna ya kuufinyanga unga wa njegere na mafuta ya nguruwe kuwa kipande kigumu cha kuyeyushwa katika maji ya moto, na jeshi la Prussia likaingia nacho vitani dhidi ya Ufaransa mwaka 1870. Jirani zetu wa karibu zaidi katika mapishi haya ni Waethiopia: kwenye nyanda zao za juu, njegere zilizopasuliwa, wanazoziita kik, hupikwa mchuzi mzito wa manjano unaomiminwa juu ya injera, tena bila nyama kabisa siku za mfungo.

Ukizitazama nchi hizo zote utaona hali zilezile zikijirudia. Kuna baridi, kuna punje inayokauka na kukaa ghalani miezi mingi, na Ulaya kuna nguruwe wa nyumbani na moshi wa jikoni. Nyanda za Juu Kusini zina hivyo vyote. Viazi viko Uporoto na Umalila, vitunguu vinaletwa kutoka Ruaha Mbuyuni, karoti ziko kila soko, njegere zinatoka Kilolo na Makete, na nguruwe wanafugwa karibu kila kijiji. Naamini supu hii inapaswa kuhesabiwa kuwa chakula cha huku, na sioni sababu ya kuisubiri ije kwenye kopo kutoka ng'ambo.

Tuanze na punje. Njegere ni zao la baridi. Joto kali likizikuta katika maua, maua hupukutika bila kufunga maganda, na ndiyo maana pwani hazifanikiwi. Huku hupandwa mvua zikielekea ukingoni, zikamalizia kukomaa kwa unyevu uliobaki ardhini na kwa ukungu wa asubuhi. Sehemu kubwa huvunwa mbichi na kupakiwa kwenye malori ya kwenda Dar es Salaam, kwa sababu njegere mbichi ina bei. Zinazoachwa shambani hukauka mpaka ganda linageuka rangi ya majani makavu na punje zinacheza ndani ukilitikisa. Hizo ndizo mbegu za msimu ujao, na zinazozidi mbegu ndizo utakazozikuta katika masoko ya Mwanjelwa au Mashine Tatu zikipimwa kwa sado.

Ukifika sokoni usitosheke na jina. Chota kiganjani utazame. Kuna njegere zenye punje laini za mviringo na kuna zenye mikunjo, na tofauti hiyo si ya sura tu. Mtawa Gregor Mendel alizihesabu zote mbili katika bustani ya monasteri yake mjini Brno, na taarifa aliyoichapisha mwaka 1866 ndiyo iliyoweka msingi wa elimu ya urithi wa viumbe. Punje ya mviringo imejaa wanga. Yenye mikunjo imebaki na sukari nyingi zaidi na wanga mchache, na ikikauka hunywea. Kwa kula mbichi, ya mikunjo ni tamu sana. Kwa supu tunataka wanga, kwa hiyo chagua ya mviringo. Rangi ya ndani, kijani au manjano, nayo Mendel aliifuatilia. Kwa mpishi zote mbili zinafaa, ila ya manjano hutoa supu yenye ladha tulivu kidogo na ya kijani hubaki na harufu ya shamba.

Kisha muulize muuzaji, kwa heshima na bila haraka: "Shikamoo mama. Hizi ni za mwaka huu au za mwaka jana?" Swali hili lina uzito kuliko bei. Njegere iliyokaa muda mrefu mahali penye joto na unyevu hupata ugumu ambao hakuna moto unaoutibu vizuri, kwani gundi iliyoshikanisha seli zake imekazana. Unaweza kuitokosa nusu siku na bado ikabaki na kiini kama changarawe. Tazama pia vitundu vya fukusi. Punje yenye kitundu huelea ukiitia majini, na ni rahisi kuiondoa. Lakini ikiwa robo ya sado inaelea, rudi kwa muuzaji mwingine.

Njegere zilizopasuliwa tayari hupatikana kwenye maduka makubwa na katika baadhi ya maduka ya nafaka, aghalabu za manjano, na wauzaji wengine huziita dengu. Ukizipata, chukua. Ila kuzipasua nyumbani si kazi kubwa, na kwa njegere za huku ndiyo njia ninayoipenda. Zioshe, zilowekwe usiku kucha katika maji mengi, saa nane hadi 12. Asubuhi zitakuwa zimevimba na ngozi imelegea. Zisugue kwa viganja ndani ya maji yenyewe. Ngozi zitachubuka na kuelea, nawe utazimwaga pamoja na maji, uongeze mengine, usugue tena. Punje ikishavuliwa ngozi hugawanyika yenyewe vipande viwili, kwa kuwa ndivyo mbegu hii ilivyoumbwa. Usijitese kutafuta ngozi ya mwisho. Ngozi ndiyo inayozuia supu kuwa laini, maana nyuzi zake haziyeyuki hata upike vipi. Ukiondoa tisa katika kumi, inatosha.

Ninaposema gundi ya seli, nina maana ya pektini, ileile inayogandisha jamu. Wanga wa njegere huiva mapema, hata kwa maji ya Kitulo. Kinachochelewa ni pektini kuyeyuka, na hapo nyuzi tano au tisa tulizopunguziwa na mwinuko zinaonekana. Kalsiamu ya maji magumu huikaza zaidi, na uchachu huikaza pia: nyanya ikiingia sufuriani mwanzoni, njegere zitagoma. Magadi hufanya kinyume, huilegeza, na bibi zetu walilijua hilo kwenye makande kabla ya maabara yoyote. Chembe ndogo, kiasi cha kushikwa na vidole viwili kwa nusu kilo, inatosha kwa njegere zenye umri. Ikizidi, supu huwa na ladha ya sabuni, na vitamini B1 iliyomo katika njegere na katika nyama ya nguruwe huharibika. Njegere za msimu huu haziihitaji.

Sasa mguu. Buchani omba kipande cha mguu kati ya goti na kwato, chenye mfupa, ngozi na mishipa, cha kilo moja au zaidi kidogo. Wapenzi wa kitimoto hawakigombanii, maana kwenye kikaango hakilainiki. Kwenye supu ndicho bora kuliko paja: ile ngozi na mishipa ikipikwa polepole hugeuka utelezi unaoipa supu uzito ambao wanga peke yake hauwezi kuutoa.

Mguu wa moshi uliotengenezwa tayari hupatikana kwa shida. Wauzaji wachache wa nyama za kusindika huuleta mijini, na aliye karibu na mashamba yanayouza nyama zao wenyewe aulize huko. Wengi wetu tutautengeneza. Chemsha lita mbili za maji na gramu 150 za chumvi na gramu 50 za sukari, acha yapoe kabisa, kisha uzamishe mguu humo na kuugandamiza kwa sahani usielee. Uweke chini kabisa kwenye friji siku tatu au nne. Najua Juni na Julai usiku wa Mbeya hushuka chini ya nyuzi 10 na mtu hujaribiwa kuuacha nje. Usiuache. Mchana jua hupanda, na nyama iliyo karibu na mfupa huoza kabla chumvi haijaifikia.

Baada ya hapo usuuze, ufute, uuache wazi ndani ya friji usiku mmoja ngozi ikauke. Moshi hushika kwenye ngozi kavu. Kwenye majimaji huacha masizi na uchungu. Chombo cha moshi ni pipa lililokatwa, wavu juu, makaa yamesogezwa upande mmoja na mguu umelazwa upande mwingine, kifuniko kikiacha mwanya mdogo. Juu ya makaa weka magunzi makavu ya mahindi. Mikoa yetu hulisha nchi mahindi na magunzi hutupwa malundo kwa malundo, wakati moshi wake ni mtamu na mpole. Ukiwa na vijiti vikavu vya mpera, changanya. Msindano usiuguse, ijapokuwa ndio umejaa Sao Hill yote, kwa sababu utomvu wake hutia nyama ladha ya dawa. Mabaki ya mbao zilizopakwa rangi au dawa ya wadudu ni sumu. Utauona moshi mzuri kwa rangi: ni mwembamba na unaelekea samawati. Ukitoka mweupe na mzito, moto unakosa hewa, fungua kidogo. Saa tatu hivi za joto la wastani zinatosha kuupa ngozi rangi ya asali. Ndani itakuwa ya kijivujivu kuliko ile nyekundu ya dukani, kwa kuwa hatukutumia chumvi ya nitriti. Ladha haipungui, lakini mguu wa namna hii upikwe siku hiyohiyo au kesho yake.

Wapo watakaouliza kuhusu moshi wa zamani, ule wa juu ya mafiga, ambako nyama na samaki huning'inizwa darini siku nyingi. Njia hiyo ni nzuri kwa vipande vyembamba na kwa samaki, kama wanavyofanya watu wa Kyela kwa samaki wa Ziwa Nyasa. Kwa mguu mnene wenye mfupa ni hatari, kwani moshi wa baridi hauui kitu ndani, na bakteria wa sumu wasiohitaji hewa hustawi hukohuko katikati.

Na kuhusu nguruwe wenyewe, lazima tuseme wazi. Nyanda za Juu Kusini zinaongoza kwa ufugaji wao, na watafiti wameshawakuta wenye tegu Mbozi na Mbeya kwenyewe. Tegu huonekana katika nyama kama vifuko vyeupe vyenye ukubwa wa njegere ndogo. Anayekula nyama hiyo mbichi au isiyoiva hupata mnyoo tumboni, na mayai ya mnyoo huo, yakisambazwa na mikono isiyonawa na vyoo visivyofaa, yakiingia kwa mtu mwingine yanaweza kupanda hadi kwenye ubongo na kuleta kifafa. Watoto na vijana wameteseka kwa kifafa ambacho kingezuilika kwa choo, banda na ukaguzi wa nyama. Basi nunua nyama yenye muhuri wa mkaguzi, na usikubali ya vichochoroni kwa ajili ya shilingi chache. Uzuri wa supu yetu ni kwamba nyama inatokota zaidi ya saa mbili, na hakuna tegu anayesalimika hapo.

Sasa jiko. Kwa watu sita weka mguu katika sufuria kubwa na lita mbili na nusu za maji baridi, uchemshe polepole, uengue povu, uongeze kitunguu kimoja kilichochomekwa karafuu mbili. Acha utokote saa moja na nusu peke yake. Vitabu vya Ulaya huingiza njegere na mguu kwa pamoja, na huko yawezekana vikakutana vimeiva. Kwa mwinuko wetu mguu unahitaji kutangulia, na pia unapata nafasi ya kuonja. Kama maji yamekuwa na chumvi kali, punguza vikombe viwili na ufidie kwa maji ya moto. Hapo ndipo njegere zinaingia, nusu kilo kwa kipimo cha kavu, zilizolowekwa na kumenywa. Usiongeze chumvi.

Kuanzia sasa simama karibu. Njegere hutoa povu na hufurika, kisha zikianza kuvunjika hushuka chini na kuungua, na supu iliyoungua chini haina dawa. Kwenye jiko la mkaa punguza hewa ya chini na utandaze majivu juu ya makaa. Koroga kwa mwiko bapa unaofika kwenye kitako cha sufuria. Baada ya dakika 40 ongeza karoti mbili na viazi viwili vilivyokatwa vidogo, vitunguu viwili na punje nne za kitunguu saumu vilivyokaangwa kwanza kwa mafuta kidogo hadi vipate rangi. Kufika saa moja na robo njegere zitakuwa zimepoteza umbo. Kwenye baridi ya Makete ongeza nusu saa, na zile za mwaka jana ziongezee zaidi.

Mwenye sufuria ya presha anaweza kuirudisha Mbeya kwenye usawa wa bahari na kupita, maana ndani yake joto huvuka nyuzi 110 na njegere huiva kwa dakika 15 hadi 20. Mimi huitumia kwa mguu bila wasiwasi. Kwa njegere ni tahadhari: usipite nusu ya sufuria, kwa kuwa povu lake huziba tundu la mvuke.

Toa mguu, ngoja upoe kiasi cha kushikika, uchambue nyama, ukate ngozi laini vipande vidogo na kuvirudisha pamoja na pilipili manga ya kutosha. Sasa onja chumvi. Kwa anayetaka uchachu, hapa ndipo pa kukamua ndimu, njegere zikiwa zimeshalainika na haziwezi tena kugoma.

Nyumba nyingi za Iringa na Mbeya zina wasiokula nguruwe, Waislamu na Wasabato, na mgeni asiulizwe mlangoni. Muundi wa ng'ombe hutiwa chumvi na moshi kwa njia hiyohiyo na supu yake ni nzuri kwa haki yake, nzito na yenye harufu ya nyama choma. Pika katika sufuria isiyopikiwa nguruwe, na useme mapema kilichomo.

Kuna jambo katika sura hii linaloniuma. Utafiti wa kitaifa wa afya wa mwaka 2022 ulikuta kwamba kati ya watoto 100 wa chini ya miaka mitano mkoani Iringa, karibu 57 wamedumaa, na Njombe karibu 50, wakati wastani wa nchi ni 30. Hii ni mikoa ya chakula tele. Mtoto anashiba uji wa mahindi na viazi, huku njegere za shambani kwao zikipanda lori. Robo hivi ya uzito wa njegere kavu ni protini, na ni protini yenye laisini, kitu ambacho mahindi yana uhaba nacho. Mahindi kwa upande wake huzijazia njegere zinachopungukiwa. Kwa mtoto aliyeanza kula, pika njegere zake kando kwa maji matupu, kwani supu ya mguu ina chumvi isiyomfaa, uziponde na tone la mafuta na umpe pamoja na uji au kiazi. Nusu kikombe kavu kinatosha kwa siku mbili, na kwa familia inayolima hakinunuliwi.

Wakubwa waile supu na chapati, mkate, au ugali mdogo wa kuchovya. Ikilala hugandamana kiasi cha kukatika kwa kisu. Kiporo chake hupendwa na wengi kuliko supu yenyewe, na kinataka kikombe cha maji ya moto na moto mdogo tu.

Mifupa na mabaki ya nyama usiwatupie nguruwe wa nyumbani wala wa jirani. Homa ya nguruwe ya Afrika, iliyoelezwa kitaalamu kwa mara ya kwanza nchini Kenya mwaka 1921, haimdhuru binadamu, lakini huua karibu nguruwe wote wa banda na haina tiba. Virusi vyake hudumu miezi katika nyama ya chumvi na ya moshi isiyopikwa, na hufa kwa nyuzi 70 za joto zikidumu nusu saa. Supu yako imevuka kipimo hicho. Vipande ulivyopunguza ukiandaa mguu kabla ya kuupika, na yale maji ya chumvi uliyoulowekea, havijavuka. Chimba shimo mbali na banda, uvifukie humo, unawe mikono kabla ya kwenda kulisha.